Msikilizeni Mwimbaji Anaponyamaza

Waalikwa waheshimiwa, walimu wa muziki, wapiga ala na wapenzi wote wa sinema ya Kihindi, habari za jioni.

Nyimbo hizi tunazijua kwa sauti za watu. Ukitaja Lata Mangeshkar, Mohammed Rafi, Mukesh, Kishore Kumar au Asha Bhosle, hakuna anayeuliza ni nani. Jioni hii nawaomba tutege masikio kwingine: zile sekunde kumi na tano, ishirini, hata thelathini, ambapo mwimbaji amemaliza ubeti, anavuta pumzi, na ala zinashika usukani. Hapo ndipo wimbo unapotaja umri wake. Sauti ya Lata ya mwaka 1955 unaweza kuichanganya na yake ya 1965. Muziki uliopigwa katikati ya beti zake ni vigumu kuuchanganya, maana umebeba alama za chumba uliporekodiwa, watu waliokuwemo, maikrofoni walizokuwa nazo, na chombo kilichokusudiwa kuupeleka wimbo kwa msikilizaji.

Tuanze na umbo. Wimbo wa kawaida wa sinema ya Kihindi una sehemu mbili za kuimbwa. Ya kwanza ni mukhda, maana yake uso: mistari inayofungua wimbo na kurudiwa kama kiitikio. Ya pili ni antara, yaani ubeti, ambao kwa kawaida hupanda juu kuliko mukhda, kisha ukateremka kuirudia. Kabla ya kila antara kuna kipande cha ala tupu. Chini ya yote hayo unatembea mdundo, na midundo miwili imebeba sehemu kubwa ya nyimbo hizi: keherwa yenye mapigo 8, na dadra yenye mapigo 6. Piga kofi huku ukihesabu nane. Ikikaa, ni keherwa. Ikikukatalia, jaribu sita.

Mwanzoni vipande hivyo vya ala havikuwa na uzito wowote, na sababu yake ni ya kimashine. Alam Ara, sinema ya kwanza ya Kihindi yenye sauti, ilionyeshwa ukumbi wa Majestic mjini Bombay tarehe 14 Machi 1931, ikiwa na nyimbo 7. Studio ya mwongozaji wake, Ardeshir Irani, ilikuwa jirani na njia ya reli, kwa hiyo sehemu kubwa ya kazi ilifanywa usiku wa manane, treni zikiwa zimetulia. Mwigizaji aliimba mwenyewe mbele ya kamera, papo hapo, na wapiga ala wakafichwa pembeni. Mpiga tabla, zile ngoma ndogo mbili za mkono, akisogea ili asikike, anaingia kwenye picha. Akirudi nyuma ili asionekane, hasikiki. Katika hali hiyo huwezi kuwa na okestra. Ulikuwa na harmoniamu, tabla na labda fidla, na mwimbaji aliponyamaza, harmoniamu ilirudia alichokwisha kuimba. Sinema yenyewe imepotea, hakuna nakala inayojulikana. Mwaka uliofuata ilitoka Indrasabha yenye nyimbo karibu 70. Wingi ule ulirithiwa kutoka kwenye michezo ya jukwaani ya Waparsi, jamii ya India yenye asili ya Uajemi, ambamo hata mazungumzo yaliimbwa.

Kifungo hicho kilifunguliwa Calcutta mwaka 1935. Katika studio za New Theatres, mwongozaji Nitin Bose na mtunzi R. C. Boral walirekodi wimbo wa sinema ya Dhoop Chhaon peke yake kwanza, kisha ukapigwa kwa vipaza sauti mahali pa kupigia picha, na waigizaji wakaufuatisha kwa midomo. Uimbaji wa nyuma ya pazia ukazaliwa. Tangu hapo mpiga ala hakulazimika tena kujificha, na mwimbaji hakulazimika kuwa na sura ya kupendeza. Ila kazi hiyo ina adui mmoja, nao ni mwendo. Kamera inakwenda picha 24 kwa sekunde. Mashine inayopiga wimbo ikienda kasi au ikazubaa kidogo tu, midomo inaachana na maneno, na kosa linaongezeka kadiri picha inavyoendelea bila kukatwa. Ndiyo maana wimbo Roop Tera Mastana wa sinema ya Aradhana, mwaka 1969, unastahili heshima ya mafundi: ulipigwa picha moja ndefu isiyokatwa, mwanzo hadi mwisho.

Chombo cha pili kilichoufinyanga wimbo ni santuri. Sahani ya mizunguko 78 kwa dakika ilibeba dakika tatu na nusu hivi kwa upande mmoja. Hesabuni wenyewe: utangulizi, mukhda, kipande cha ala, antara, mukhda, kipande cha pili, antara ya pili, mukhda. Kila kitu kipite mlemle. Kipande cha ala kikipewa nusu dakika, ubeti mmoja wa mshairi unabaki nje. Ndiyo maana mara nyingi wimbo ulio kwenye sinema una ubeti usiokuwepo kwenye santuri, na watu wa rika mbalimbali hubishana kuhusu maneno ya wimbo uleule, wote wakiwa sahihi.

Hapa nataka tusimame kwenye wimbo mmoja, Aayega Aanewala, wa sinema ya Mahal, mwaka 1949. Mtunzi ni Khemchand Prakash. Sinema inamtaka mwanamke anayesikika akitokea mbali ndani ya jumba tupu, kisha akikaribia. Leo fundi angeongeza mwangwi kwa kidole kimoja. Wakati ule maikrofoni iliwekwa katikati ya chumba, naye Lata Mangeshkar, bado hajatimiza miaka ishirini, akaanzia pembeni na kuisogelea hatua kwa hatua huku akiimba mistari ya utangulizi isiyo na mdundo, ili afike kwenye maikrofoni pale mukhda inapoanza. Kosa ni rahisi kutokea: akiwahi kufika, maneno ya mbali yanasikika ya karibu, akichelewa, mukhda inaanza hafifu. Walijaribu tena na tena. Ukisikiliza kwa makini, kwanza unasikia chumba, halafu unamsikia mtu. Kwenye santuri hawakuandika jina la mwimbaji, waliandika Kamini, jina la mhusika katika sinema. Wasikilizaji wakaiandikia redio wakiuliza ni nani huyu, hadi jina likatolewa. Na Khemchand Prakash alifariki karibu na wakati huohuo.

Kuanzia hapo tunaingia miaka ya okestra kubwa, na hii ndiyo sehemu ninayoipenda zaidi, maana kazi yake imefichika. Tufuate wimbo mmoja wa miaka ya 1950 unavyopikwa. Mtunzi anakaa chini na harmoniamu, mshairi yuko pembeni, mwongozaji anaeleza tukio. Mara nyingi sauti ya wimbo, yaani tuni, hutangulia, na mshairi anajaza maneno juu yake. Msaidizi anaandika sauti ile kwa sargam, yaani sa, re, ga, ma. Mpaka hapo hakuna okestra. Kuna uzi mmoja tu wa sauti na mdundo wake. Kisha anaitwa mpangaji wa muziki.

Huyu mara nyingi alikuwa Mgoa. Shule za parokia za Goa, chini ya Wareno, ziliwafundisha watoto kusoma noti za Kizungu na kupiga fidla kanisani, na wengi wao walikwenda Bombay kupiga muziki wa dansi na jazi hotelini. Walikuwa na kitu ambacho watunzi wengi hawakuwa nacho: wangeweza kuandikia fidla thelathini karatasi thelathini, na zote zikaanza pamoja. Sebastian D'Souza aliwapangia watunzi Shankar-Jaikishan na O. P. Nayyar. Chic Chocolate, mpiga tarumbeta, alifanya kazi na mtunzi C. Ramchandra. Anthony Gonsalves, aliyezaliwa 1927, alipanga muziki na pia alifundisha fidla. Mwanafunzi wake mmoja, Pyarelal, alikuja kuwa nusu ya watunzi wawili Laxmikant-Pyarelal, na wimbo wa sinema ya Amar Akbar Anthony wa mwaka 1977 unaotaja jina la Anthony Gonsalves ni shukrani ya mwanafunzi kwa mwalimu. Wapangaji hawa ndio walioandika utangulizi, vipande vya katikati ya beti, na zile fidla zinazomjibu mwimbaji kwa chini. Kwenye orodha ya majina ya sinema waliandikwa wasaidizi, na wengi hawakuandikwa kabisa. Hilo ni deni, na halijalipwa hadi leo.

Siku ya kurekodi, wote wanaingia chumba kimoja. Mtunzi Naushad aliitumia okestra ya watu 100 katika sinema ya Aan, mwaka 1952. Maikrofoni zilikuwa chache, kwa hiyo uwiano wa sauti ulitengenezwa kwa miguu: mwimbaji karibu kabisa, filimbi na sitari hatua chache nyuma yake, fidla zaidi, tarumbeta na ngoma nzito mwisho wa chumba. Dholak, ngoma ya pande mbili, ikimfunika mwimbaji, dawa si kupiga polepole, maana ngozi ikiguswa kwa woga inapoteza mlio. Dawa ni kumsogeza mpigaji. Mtu mmoja akikohoa kwenye dakika ya tatu, kazi yote inaanza upya. Bado naamini mvutano ule unasikika. Watu hawa wanasikilizana kwa sababu hawana namna nyingine.

Na walipokosa mashine, walitumia jengo. Kwa wimbo Pyar Kiya To Darna Kya wa Mughal-e-Azam, mwaka 1960, Naushad alitaka mwangwi unaolingana na ukumbi wa vioo wa kwenye sinema. Lata akaimba ndani ya bafu la studio, kwa kuwa vigae hurudisha sauti. Sinema hiyohiyo ilimlipa Bade Ghulam Ali Khan, bingwa wa uimbaji wa kale, rupia 25,000 kwa kila wimbo, wakati ambapo Lata na Rafi walikuwa wakipokea chini ya 500. Haishangazi kwamba miaka michache baadaye Lata alidai waimbaji wapate mgawo wa mauzo ya santuri. Rafi alipinga, akisema malipo ya siku yanatosha, na kwa miaka kadhaa hawakuimba pamoja.

Redio nayo ilikuwa na vita vyake. Mwaka 1952 B. V. Keskar alikabidhiwa wizara ya habari ya India, akiziona nyimbo za sinema ni uchafuzi wa muziki wa taifa, na All India Radio ikazibana. Wasikilizaji wakahamia masafa mafupi ya Radio Ceylon, redio ya Sri Lanka ya leo, ambako mwaka huohuo Ameen Sayani alianza kipindi cha Binaca Geetmala, kila Jumatano jioni. Serikali ilisalimu amri mwaka 1957 kwa kuanzisha Vividh Bharati. Kwa mtunzi, kipindi kilichopanga nyimbo kwa wapendwa zaidi kilimaanisha jambo moja la kazi: sekunde za kwanza ziutambulishe wimbo kabla mtu hajaimba. O. P. Nayyar alilijua hilo vizuri. Mdundo wake wa kwato za farasi, ule wa Naya Daur wa mwaka 1957, unautambua kabla ya pigo la nne. Na alifika kileleni bila kumtumia Lata hata mara moja.

Sisi wa mwambao tuliyapokea haya kwa namna yetu. Mombasa ilikuza taarabu yenye sauti za Kihindi, na Mohamed Juma Bhalo ndiye jina lake kubwa: mashairi ya Kiswahili juu ya sauti za sinema ya Kihindi. Kazi hiyo si ya kunakili. Keherwa ina mapigo 8, na kipande cha shairi letu kina mizani 8, kwa hiyo mlango upo. Tatizo ni mkazo. Kiswahili hukaza silabi ya pili kutoka mwisho, sauti ya Kihindi huenda ikarefusha popote. Neno "nakupenda" likikutana na noti ndefu kwenye "ku", linasikika "nakuupenda", na msikilizaji anajua kuna kitu kimepinda hata kama hawezi kukitaja. Mtunzi stadi hachukui shairi lililokwisha kuandikwa akaligandamiza kwenye sauti. Anaisikiliza sauti kwanza, anatafuta noti zinazorefuka, kisha anachagua maneno ambayo mkazo wake unaangukia hapohapo.

Mtunzi R. D. Burman aligeuza mambo. Alipotunga muziki wa sinema ya Teesri Manzil, mwaka 1966, ngoma za Kizungu na gitaa la umeme vilitoka nyuma ya chumba vikaja mbele. Baba yake, S. D. Burman, alikuwa akiandika sauti zinazoweza kusimama bila ala. Mwana aliandika mlio kwanza. Chura Liya, mwaka 1973, inafunguliwa na mgongano wa kijiko na glasi. Mlio huo ni mdogo. Ukipigwa katikati ya fidla unamezwa. Unahitaji maikrofoni yake, karibu kabisa. Kwa hiyo wimbo ule unatueleza kwamba studio imebadilika: sasa kila mlio unaweza kukuzwa peke yake, na uwiano unatengenezwa kwa vitufe, si kwa miguu.

Miaka ya 1980 tutaipita haraka. Disco Dancer ya 1982, muziki wa Bappi Lahiri, ilisambaa dunia nzima, na mashine za mdundo zikaanza kula kazi za wapiga ngoma. Bappi alifanya kazi kwa kasi ya kutisha. Mwaka 1986 alirekodi nyimbo zaidi ya 180. Kanda za video zikawabakiza watu nyumbani, sinema zikajaa mapigano, wimbo ukawa pumziko kati ya ngumi mbili.

Kilichouokoa ni kanda ya kaseti. Santuri ilihitaji mashine ya gharama na karibu soko lote lilikuwa mikononi mwa kampuni moja kubwa. Kaseti iliuzwa hadi kwenye vibanda vya tambuu. Gulshan Kumar wa kampuni ya kaseti ya T-Series alitumia kifungu cha sheria ya hakimiliki ya 1957 kilichoruhusu wimbo wa zamani kurekodiwa upya na mwimbaji mwingine, akaziuza nyimbo hizo kwa bei ya chini. Kisha akaingia kwenye nyimbo mpya, na Aashiqui ya mwaka 1990, muziki wa Nadeem-Shravan, ikaonyesha kwamba kaseti inaweza kuitangulia sinema yake: nyimbo zilitengenezwa kama mkusanyiko, hadithi ikazifuata. Kasoro ya zama zile ni ule mtindo wa kupachika midundo ya kielektroniki juu ya rekodi za zamani, wakiuita jhankar. Mdundo wa mashine hautikisiki, ilhali mpiga tabla wa 1955 anavuta na kuachia kumfuata mwimbaji. Baada ya sekunde ishirini vitu viwili hivyo vinapishana, na masikio yanachoka bila kujua kwa nini.

Halafu Madras. Mtunzi A. R. Rahman alitoka na muziki wa sinema ya Roja mwaka 1992, kwa Kitamili, na mwaka 1995 akaandika Rangeela kwa Kihindi moja kwa moja. Studio yake, Panchathan, iko nyumbani kwake, kwa hiyo hakuwa akilipia kwa saa. Njia yake ni hii: anajenga mdundo na mlio kwenye kompyuta, mwimbaji anaitwa usiku, anaimba peke yake mara nyingi kwa namna tofauti, anaondoka. Mpiga filimbi anakuja siku nyingine. Vipande huchaguliwa na kushonwa baadaye, na huenda mwimbaji akausikia wimbo kamili siku ambayo dunia nzima inausikia. Kwa Rahman njia hiyo ilizaa maajabu. Sikilizeni nyimbo za Dil Se za mwaka 1998, jinsi kipande cha katikati kinavyoweza kuwa sauti za watu tu, au ngoma tupu. Ila wapiga fidla waliozoea kuitwa Bombay kila siku walianza kukaa nyumbani.

Kompyuta hiyohiyo ilileta programu za kunyoosha sauti. Hapa niwe mkali kidogo. Uimbaji wa Kihindi unaishi kwenye meend, ule mteremko laini kutoka noti moja hadi nyingine. Ukiiweka programu iirudishe sauti kwenye noti kwa haraka, inaukata mteremko ule na kubakiza ngazi. Anayetaka kuitumia bila kuua wimbo aiweke polepole, na aisahihishe noti moja moja iliyokosewa, si mstari mzima. Inavutia kukumbuka kwamba mwaka 1940 All India Radio ilipiga marufuku harmoniamu kwa hoja iyo hiyo, kwamba noti zake zisizoteleza zinaharibu masikio.

Mwaka 2012 India ilirekebisha sheria ya hakimiliki, mshairi Javed Akhtar akiwa mstari wa mbele bungeni, na watunzi na washairi wakapata haki ya mgawo wasioweza kunyang'anywa kwa mkataba. Mwaka uliofuata Aashiqui 2 ikamfanya Arijit Singh kuwa sauti ya kizazi kipya. Nyimbo sasa hupimwa kwa simu, na msikilizaji asiposhikwa mapema anateleza kwenda kwingine. Kwa hiyo wimbo umerudi kwenye dakika tatu za santuri, lakini kilichokatwa mara hii si ubeti wa mshairi peke yake. Ni kile kipande cha katikati.

Mkifika nyumbani, chukueni saa na mchague nyimbo sita: Aayega Aanewala, Pyar Kiya To Darna Kya, Chura Liya, mmoja wa Aashiqui ya 1990, mmoja wa Dil Se, na mmoja wa mwaka huu. Kwa kila wimbo andikeni sekunde za kipande kilicho kabla ya ubeti wa kwanza, ala inayoongoza, na kama wapigaji wanasikika wakiwa chumba kimoja. Kwa ule wa 1949 msiharakishe: una utangulizi mrefu usio na mdundo, na Lata bado anatembea kuja kwenye maikrofoni. Anzeni kuhesabu atakapokuwa amefika, akaimba mukhda, akanyamaza.